Kilebu wa Kazi Hupimwa, Halishwi Tu

Ukimwuliza mwanachama yeyote wa chama chetu cha Kiswahili mtoto wa mbwa huitwaje, atakujibu mara moja kwamba ni kilebu. Jina hilo tulilikariri tangu shule ya msingi pamoja na ndama, kifaranga na kitungule. Lakini mwulize kilebu wa miezi mitatu anafaa kuwa na kilo ngapi. Atakukodolea macho tu! Mimi pia nilikuwa vivyo hivyo hadi mwezi wa Disemba uliopita, mjomba wangu aliponiletea Simba. Leo nataka nikueleze niliyojifunza kuhusu namna ya kufuatilia ukuaji wa kilebu wa mbwa wa kazi. Mengine nilifundishwa kwa upole, mengine niliyajua baada ya kukosea.

Kwanza nieleze mbwa wa kazi ni yupi. Si kila mbwa abwekaye langoni ni mbwa wa kazi. Mbwa wa kazi ni yule ambaye mbegu yake imechaguliwa kwa vizazi vingi ili afanye kazi fulani: kuchunga, kulinda, kufuata nyayo au kunusa. Hapa Kenya tunawaona wakiwa na polisi na makampuni ya walinzi, na wengine hunusa pembe za ndovu katika uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta na bandari ya Mombasa. Simba ni wa aina ya German Shepherd, yaani mbwa mchunga wa Kijerumani. Aina hii ilianza kuandikishwa rasmi huko Ujerumani mwaka 1899 na askari mmoja aliyeitwa Max von Stephanitz. Mbwa wa kwanza katika daftari hilo aliitwa Horand von Grafrath. Dume aliyekomaa huwa na kilo 30 hadi 40 na kimo cha sentimita 60 hadi 65 kutoka chini hadi mabegani. Jike huwa na kilo 22 hadi 32.

Sasa turudi kwa Simba. Sisi twaishi nje kidogo ya mji wa Nakuru. Mjomba ni mwongoza mbwa katika kampuni moja ya ulinzi. Rafiki yake ana mbwa jike aliyezaa vilebu wanane, naye mjomba akapewa wawili kwa sababu alisaidia kuwalea. Mmoja, Chui, alibaki naye. Wa pili akaniletea mimi, akaniambia hivi mbele ya mama: "Mpwa wangu, mlee huyu hadi atimize mwaka. Kampuni itamkagua. Akipita watamnunua, na pesa hizo ndizo karo yako ya kidato cha nne. Asipopita, mtakuwa na mbwa mkubwa wa kula na hana kazi." Mama alinitazama, nami nikasema, "Nimekubali, mjomba." Basi nikawa mlezi.

Mjomba alinipa pia daftari dogo. Nilipolifungua nilishangaa. Tangu siku ya kwanza, kila kilebu alikuwa amepimwa na uzito wake kuandikwa! Ili wasichanganywe, kila mmoja alifungwa uzi wa rangi yake shingoni, uzi wa sufu uliolegea na uliobadilishwa kila shingo ilipokua. Simba alikuwa wa uzi mwekundu. Alizaliwa na gramu 480. Kilebu wa aina hii huzaliwa na gramu 400 hadi 500 hivi. Anaweza kupungua kidogo siku ya kwanza, lakini baada ya hapo anatakiwa aongezeke kila siku, na kufikia siku ya saba hadi ya kumi uzito wake uwe umekuwa mara mbili.

Kwa nini wapimwe kila siku? Mjomba alinieleza kwamba kilebu mchanga hawezi kusema anaumwa. Haoni, hasikii, kazi yake ni kunyonya na kulala. Mizani ndiyo kinywa chake. Katika daftari, kilebu wa uzi wa kijani alibaki na uzito uleule kwa siku mbili. Kwa macho alikuwa sawa na wenzake. Kumbe alikuwa anasukumwa na wenzake wenye nguvu asifikie chuchu. Akawekwa kwenye chuchu peke yake mara kadhaa kwa siku, na siku ya tatu mizani ikapanda. Bila daftari angekufa kimyakimya.

Mambo mengine ya kutazamwa katika siku hizo ni haya. Macho hufunguka kati ya siku ya 10 na 14. Masikio hufunguka wiki ya tatu hivi. Meno ya utotoni huanza kuchomoza wiki ya tatu na kuendelea, na yakikamilika huwa 28. Yataanza kung'oka kilebu akiwa na miezi minne, na kufikia miezi saba hivi mbwa huwa na meno 42 ya ukubwani. Kilebu asiyefuata ratiba hii kwa karibu, muulizie.

Simba alifika kwetu akiwa na wiki nane na kilo 7.5. Kuanzia hapo kumpima ni mara moja kwa wiki. Siku iwe ileile, saa ileile, kabla hajala. Mimi nilichagua Jumamosi asubuhi. Utasema, "Sisi hatuna mizani." Hata sisi hatukuwa nayo! Nilikuwa nikimbeba hadi stendi ya matatu, kwa yule mzee anayepima watu uzito kwa shilingi chache. Napanda mizani peke yangu: kilo 51. Napanda nikiwa nimembeba: kilo 63. Natoa, nabaki na 12. Hesabu ya darasa la pili hiyo, bwana. Mzee alinitoza pesa za watu wawili, akisema mbwa naye ni mteja. Simba alipokuwa mzito wa kubebwa nikahamia kwa mwenye kinu cha kusagia mahindi, kwenye mizani ya magunia. Hapo alikaa mwenyewe juu ya chuma, watu wakicheka.

Kila nilipopima nilitia alama kwenye karatasi ya grafu niliyobakiza ya hisabati. Umri chini, uzito kando. Mama alipoiona alisema, "Hii si kama kadi yako ya kliniki?" Ni kweli kabisa. Ile kadi ya watoto ina mistari iliyopinda, na muuguzi hutazama kama mtoto anapanda sambamba na mstari wake. Baadaye nilikuja kujua kwamba mwaka 2017 wataalamu wa kituo cha Waltham walichapisha michoro ya namna hiyohiyo kwa ajili ya mbwa wa ukubwa mbalimbali. Jambo kuu la kutazama ni kama kilebu anafuata mstari wake mwenyewe. Akishuka ghafla kuna ugonjwa, minyoo au njaa. Na akipanda ghafla? Hapo ndipo mimi nilipotegwa.

Nakiri kosa langu, msomaji. Nilidhani kupanda ni kuzuri, na kupanda zaidi ni kuzuri zaidi. Mjomba alikuwa ameniachia kikombe cha kupimia chakula, milo mitatu kwa siku. Mimi na akili zangu nikaona kikombe hicho ni cha ubahili. Mwenye bucha karibu na kwetu alinipa mabaki ya nyama na matumbo, nikaongezea. Ugali wa jioni ukibaki, wa Simba. Halafu nikasikia kwamba mifupa mikubwa inataka madini ya kalisiamu. Nikaenda duka la dawa za mifugo, nikanunua unga wa mifupa wanaopewa ng'ombe, nikawa namkorogea vijiko viwili kila siku. Hakuna aliyenituma. Nilitaka apite ukaguzi. Nilitaka karo.

Alikua, jamani! Akiwa na miezi minne alikuwa na kilo 19.5. Akiwa na miezi mitano, kilo 27. Majirani walisimama njiani kumwangalia. "Huyo ni simba kweli," walisema, nami kichwa kikavimba. Jioni nilikuwa namkimbiza nyuma ya baiskeli ya kaka yangu hadi barabara ya lami na kurudi.

Mwezi wa Machi mjomba akaja kututembelea na Chui. Ndugu wa tumbo moja, siku moja. Chui alikuwa mwembamba, miguu mirefu, kiuno kimeingia. Nilicheka. "Mjomba, kwani wewe humpi mwenzako chakula?" Mjomba hakucheka. Aliinama akapitisha vidole kwenye mbavu za Simba, akabonyeza, akabonyeza tena. Kisha akaniambia, "Mtembeze mpaka pale kwenye ua, arudi polepole." Nikamtembeza. "Mara ya pili." Nikamtembeza tena. "Umeona mguu wa mbele wa kushoto?" Nikatazama kwa makini. Simba alikuwa akichechemea. Kidogo tu, lakini akichechemea. Na mimi niliyekuwa naye kila siku sikuwa nimeona! Moyo ulinidunda.

Kesho yake tulimpeleka kwa daktari wa mifugo. Alimpapasa miguu yote, Simba akalia alipobonyezwa mfupa. Daktari akaniuliza anakula nini, nikamweleza yote, pamoja na ule unga wa mifupa. Akavua miwani. "Binti yangu," akasema, "ulikuwa unamharakisha kwenda wapi?" Sikuwa na jibu.

Maelezo yake ndiyo kiini cha makala haya, kwa hivyo soma pole pole.

Mfupa wa kilebu haujawa mfupa wote. Karibu na ncha zake kuna sehemu laini ya gegedu, na hapo ndipo mfupa hurefukia. Sehemu hizo hufunga na kuwa ngumu pole pole, na kwa mbwa wakubwa zingine hazijafunga hadi apite mwaka. Ukimlisha kupita kiasi, nyama na mafuta huja upesi kuliko mifupa na viungo vinavyoweza kubeba. Ni kama kuezeka nyumba kwa mawe ilhali saruji ya ukuta haijakauka. Kiungo cha nyonga ndicho huumia zaidi. Kwa mbwa wakubwa kama hawa kuna ugonjwa ambapo kichwa cha mfupa wa paja hakikai vyema katika tundu lake. Mbwa huweza kuurithi kutoka kwa wazazi wake, lakini unene wa utotoni huuzidisha.

Kuhusu unga wa mifupa, hapo nilikuwa nimekosa zaidi. Mbwa mzima akipewa kalisiamu nyingi, utumbo wake huweza kupunguza kiasi unachofyonza. Kilebu mdogo hana uwezo huo. Ukimpa nyingi, nyingi huingia mwilini, na ukuaji wa mifupa huvurugika. Wataalamu wa Chuo Kikuu cha Utrecht, Uholanzi, walilionyesha jambo hili mwaka 1985 kwa vilebu wa Great Dane. Tena ukimlisha nyama tupu utakosea kwa upande wa pili, maana nyama ina fosforasi nyingi na kalisiamu kidogo mno. Dawa ni chakula kilichosawazishwa tangu mwanzo, cha vilebu wa mbwa wakubwa, bila kuongezewa kitu.

Daktari alinipa pia habari moja ambayo sijaisahau. Huko Marekani watafiti walichukua mbwa 48 wa aina ya Labrador, wakawapanga wawili wawili wa mama mmoja. Mmoja wa kila jozi alipewa chakula pungufu kwa asilimia 25 kuliko mwenzake, tangu utotoni hadi kufa. Matokeo yalitolewa mwaka 2002. Kwa wastani wa kati, waliopunguziwa waliishi miaka 13, na wenzao miaka 11.2. Na waliopunguziwa hawakusumbuliwa sana na nyonga. Basi yule Chui niliyemcheka ndiye aliyekuwa na bahati!

Tulirudi nyumbani na masharti: unga wa mifupa utupwe, nyama ya bucha ikome, chakula kipimwe kwa kikombe na kipunguzwe kidogo, baiskeli ikome. Asiruke kutoka juu, asikimbizwe kwenye lami. Acheze kwenye nyasi apendavyo na apumzike akichoka mwenyewe. Lakini asinyimwe chakula hadi akondeane, kwani hilo nalo ni kosa. Usiku ule Simba alikuja na sahani yake mdomoni akanisimamia. Nilijifanya simwoni. Nililia kidogo, sitaki kukudanganya.

Daktari alinifunza pia kupima kwa mkono, maana mizani peke yake haitoshi. Mizani haijui kilo hizo ni mafuta au misuli. Jaribu hivi sasa hivi kwa mkono wako. Kunja ngumi, upapase vifundo vya vidole: mbavu za kilebu zikiwa hivyo, amekonda mno. Nyosha mkono, upapase kiganja chini ya kidole gumba: mbavu zikijificha hivyo, amenenepa. Sasa papasa mgongo wa mkono ulionyooshwa: mifupa unaisikia upesi, lakini haijachomoza. Hivyo ndivyo mbavu zinavyotakiwa ziwe. Kisha simama umtazame kutoka juu: kiuno kionekane nyuma ya mbavu. Mtazame kutoka kando: tumbo lipande kuelekea nyuma.

Tumbo lililovimba huku mbavu zikionekana si shibe, ni minyoo. Vilebu wengi huzaliwa nayo au huinyonya pamoja na maziwa ya mama. Kwa hivyo dawa hutolewa wakiwa na wiki mbili, kisha kila baada ya wiki mbili hadi wiki ya nane, halafu kila mwezi hadi miezi sita. Kumbuka kwamba minyoo hiyo huweza kuwaingia hata watoto wetu wanaocheza mchangani. Kipimo cha dawa hutegemea uzito, kwa hivyo daftari litakusaidia tena. Chanjo za magonjwa ya vilebu huanza wiki ya sita hadi ya nane na kurudiwa hadi wiki ya 16. Chanjo ya kichaa cha mbwa hutolewa kuanzia miezi mitatu, na hiyo usiikose hata kwa mbwa koko.

Sasa msomaji, tazama daftari langu na la mjomba yakiwekwa pamoja:

Wiki 8: Simba kilo 7.5, Chui kilo 7.3
Miezi 3: Simba 12, Chui 11.5
Miezi 4: Simba 19.5, Chui 16.5
Miezi 5: Simba 27, Chui 21
Miezi 6: Simba 28, Chui 25
Miezi 8: Simba 30.5, Chui 29.5
Miezi 10: Simba 32.5, Chui 32

Umeona? Mwishowe wako sawa! Ukubwa wa mbwa huandikwa na wazazi wake. Chakula cha kupita kiasi hakimfanyi awe mkubwa zaidi, humfikisha tu mapema, tena kwa viungo vilivyochoka. Vijiko vyangu vyote havikuongeza hata nusu kilo ya maana.

Kuchechemea kulikoma baada ya wiki tano hivi. Daktari alisema maumivu ya mifupa ya miguu huwapata mara nyingi vilebu wa aina hii wanapokua, na huweza kuisha, lakini hakuniahidi lolote kuhusu nyonga. Hiyo itajulikana kwa picha ya eksirei. Huko Ujerumani wao hupiga picha hiyo mbwa akishatimiza miezi 12, na kampuni ya mjomba nayo hungoja hadi hapo. Simba atatimiza mwaka mwezi wa Oktoba. Kwa hivyo ninapoandika haya sijui kama nimemlea mlinzi au nimemlea kilema, na sijui kama karo ipo au haipo. Mama ameniambia tutaona. Mjomba hajanilaumu hata siku moja, na hilo ndilo linaloniuma zaidi.

Kila Jumamosi bado naenda kwenye kinu. Mwenye mizani hunisalimu, "Karibu, mama Simba." Grafu yangu sasa inapanda taratibu, karibu kulala. Zamani mstari wa namna hiyo ungenihuzunisha. Siku hizi nikiuona nashusha pumzi.

Kwa hivyo wewe uliye na kilebu nyumbani, au unayetarajia kupewa mmoja likizo ijayo, anza na daftari, kalamu na kikombe kimoja cha kupimia. Mpime kila wiki, mpapase mbavu, mtazame akitembea kwenda na kurudi. Na jirani akikuambia mbwa wako ni mwembamba, mwambie anakuja pole pole. Wahenga walisema haraka haraka haina baraka. Mimi nilikuwa nikiiandika methali hiyo katika insha tangu darasa la nne ili nipate alama. Simba ndiye aliyenieleza maana yake.